Luther na wakulima wa 1525

Ndugu, umeuliza kama Martin Luther, Mjerumani aliyeanzisha Ulutheri, aligusa siasa au aliishia kanisani. Aligusa, hata pale asipotaka. Machi 1525 wakulima wa kusini mwa Ujerumani, wakitiwa moyo na mafundisho yake, walikutana mji wa Memmingen wakatoa madai 12, pembeni wameweka mistari ya Biblia. La kwanza: kila usharika ujichagulie mchungaji, na umwondoe akiharibu. La tatu ndilo lililowatia tumbo joto mabwana waliomiliki ardhi na wakulima wenyewe: Kristo ametukomboa sote kwa damu yake, mchunga mifugo sawa na mkubwa, basi sisi tuwe mali ya mtu kwa sababu gani?

Luther mwanzoni alizilaumu pande zote mbili. Fujo zilipozidi akawageuka wakulima, akahimiza watawala wawapige bila huruma (hapo mimi simtetei). Mei 15, huko Frankenhausen, waliuawa kwa maelfu.

Waliovuna ni watawala. Walichukua mali za monasteri na usimamizi wa kanisa, kisha mkataba wa Augsburg wa 1555 ukawaruhusu kuamua dini ya eneo lao: Ukatoliki au Ulutheri. Asiyekubali, auze mali ahame. Wakalvini, yaani Waprotestanti waliomfuata Calvin, hawakuhesabiwa kabisa.