Kwa Anayeanza Kuandika Skripti Wakati Jamii Inabadilika

Mwandishi chipukizi wa skripti asikimbizane na habari za wiki hii. Kutoka rasimu ya kwanza hadi filamu kuonyeshwa hupita miaka miwili, mitatu na mara nyingine zaidi, hivyo mjadala uliokuwa moto ulipoanza kuandika huenda ukawa majivu siku watazamaji watakapoketi. Kosa hilo nililifanya mwenyewe. Niliandika skripti ambamo kijana anamhutubia baba yake kuhusu haki kwa kurasa nne nzima, nikasahau kwamba ukurasa mmoja huchukua takribani dakika moja kwenye skrini. Mtayarishaji aliyeisoma aliniuliza swali moja tu: kijana huyu atapoteza nini akishasema hayo? Sikuwa na jibu. Nilipoiandika upya, hotuba ilitoweka, pakabaki sini fupi ya kijana anayeweka funguo za nyumba mezani huku baba akijifanya hakuziona.

Kwa hiyo mtafute kwanza mhusika ambaye mabadiliko yatamgharimu, kisha umpe hoja nzito yule anayeyapinga, hata kama moyoni humuungi mkono. Hapo ndipo waandishi wengi wenye msimamo mzuri hukwama, kwa sababu humfanya mpinzani mjinga na mtazamaji akaona amedanganywa. Sikiliza pia watu wanavyoitana, maana mamlaka yanapohama ndani ya familia au kazini, mara nyingi jina la kuitana hubadilika kabla ya kanuni yoyote.

Vizuizi navyo utavikuta. Kule Hollywood, kanuni ya maadili iliyosimamiwa kwa ukali kuanzia 1934 na kuachwa mwaka 1968 iliwalazimu waandishi kudokeza kwa mlango unaofungwa yale yaliyokatazwa kuonyeshwa. Sisemi kwamba udhibiti ni baraka; umeua kazi nyingi kuliko ulizozinoa.

Lakini linaloniumiza zaidi ni suala la jina. Dalton Trumbo, mwandishi wa skripti wa Hollywood aliyekataa kujibu maswali ya kamati ya Bunge la Marekani iliyowasaka wakomunisti mwaka 1947 na kufungwa mwaka 1950, alinyimwa kazi na studio lakini aliendelea kuandika kwa kificho, bila jina lake, hadi jina lake liliporudi kwenye skrini mwaka 1960. Kwa filamu ya Roman Holiday ya mwaka 1953, chama cha waandishi kilimrudishia sifa yake mwaka 2011, miaka 35 baada ya kifo chake. Tunza kila rasimu pamoja na tarehe yake, na usikabidhi skripti kabla mkataba haujataja jina lako litaandikwaje. Siku hizi ongeza kifungu kuhusu akili mnemba: mgomo wa waandishi wa Marekani wa mwaka 2023, uliodumu siku 148, ulimalizika kwa makubaliano kwamba mashine haihesabiwi kuwa mwandishi, lakini makubaliano hayo hayamlindi aliye nje yake, na huenda wewe ukawa mmoja wao.