Mdhamini akikupeleka visiwani, uliza kwanza bamvua ni lini

Hoteli ikikudhamini ukarekodi makala ya visiwani, cha kwanza utakachotumiwa ni ratiba, na mara nyingi imepangwa kwa kufuata vyumba vilivyo wazi. Usiikubali bado. Angalia mwezi wa angani: ndio unaoleta bamvua, siku ambazo bahari hujaa na kukupwa kuliko kawaida.

Sisi wa Dar bahari tunaiona Coco Beach jioni. Imejaa, imekupwa, haituhusu sana. Ukishavuka kwenda Unguja ukafika Paje au Jambiani, shughuli nyingi zinafuata maji. Akina mama wa mwani huingia mashambani siku za bamvua, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu. Ukienda maji mafu, siku ambazo bahari haikupwi mbali, utarudi na picha za vigingi vya kufungia kamba za mwani tu.

Na bamvua inakufaa wewe na mdhamini pia. Siku hizo maji hukupwa mbali kwenye saa nne asubuhi, yakajaa kwenye saa kumi alasiri. Asubuhi uko shambani, kamera chini karibu na mkono: kipande cha mwani kinafungwa kwenye kamba, kingine, kingine, huku mwenyewe hata hautazami mkono, anasimulia harusi ya jana na kukucheka ulivyolowa suruali. Alasiri mdhamini anapata maji yake ya buluu, na kwa kuwa pwani ile inatazama mashariki, jua liko mgongoni kwako. Mdhamini wangu nilimweleza hivyo tu, akabadilisha tarehe bila ugomvi.

Kwenye mkataba, sisitiza kwamba uhariri wa mwisho ni wako, na udhamini utajwe mwanzoni kabisa. Meneja mmoja alitaka nikate mahali mama anapolalamikia bei ya mwani. Nikamfungulia mkataba. Kipande kikabaki.

Anayeacha kamba zake akuonyeshe kazi anapoteza maji ya siku hiyo, kwa hiyo malipo yake yaingie kwenye bajeti ya mdhamini tangu mwanzo. (Soda na picha ya pamoja si malipo, jamani.) Vibali vianze mapema: Bara kuna Bodi ya Filamu, Zanzibar ina taratibu zake.

Mafia ni hesabu nyingine. Papa potwe huonekana zaidi karibu na Kilindoni kati ya Oktoba na Machi. Mdhamini akikuahidi papa mwezi Juni, mwambie makala itakuwa ya popo wa Chole, kisiwa kidogo cha jirani.