Jibu: Bruno Ganz, uanzie wapi?

Salaam ndugu. Nimekuelewa: mwigizaji Bruno Ganz umemwona kwenye filamu ya Der Untergang (2004) tu, akiwa Hitler, na unashangaa kwa nini Wajerumani humhesabu kwanza mtu wa jukwaani; unauliza uanzie wapi kumtazama, na ile pete yake ni ipi.

Anza kuangalia miaka ya 1970. Mswisi huyu, mzaliwa wa Zürich 1941, alikuwa nguzo ya Schaubühne, jumba la maigizo la Berlin Magharibi, chini ya mwongozaji Peter Stein. Katika tamthilia ya Peer Gynt, 1971, nafasi ya Peer mwenyewe iligawiwa waigizaji kadhaa kwa zamu, yeye akiwa mmoja wao. Maonyesho hayo hatutayakuta tena ukumbini, ila Sommergäste, tamthilia ya mwandishi Mrusi Gorki, ilitengenezewa filamu, itafute hiyo.

Kisha filamu ya Der Himmel über Berlin (1987), ambamo Ganz ni malaika. Mimi naipenda kuliko ile ya Hitler. Malaika huyo amegeuka binadamu, kichwa kinavuja damu, anailamba kidoleni na kufurahi kwamba ina ladha! Ndipo urudie Der Untergang umtazame mkono tu, ule wa kushoto unaotetemeka mgongoni.

Kuhusu pete uliyoulizia: ni Iffland-Ring, pete ya heshima ya mwigizaji anayehesabiwa bora wa lugha ya Kijerumani, na mwenye nayo ndiye humteua mrithi. Aliivaa tangu 1996 hadi alipofariki 2019, na aliyemteua kuirithi ni Jens Harzer.