Diski ya terabaiti 8 kwa hifadhi ya nyumbani

Ndugu yangu wa Likoni, umeuliza kama ile diski ya kawaida ya terabaiti 8, iliyo nafuu, itafaa kwenye kisanduku chako cha hifadhi chenye nafasi mbili, ambamo utaweka video za harusi unazopiga. Usiinunue kabla ya kujua inavyoandika data. Diski za SMR hupandanisha mistari ya data mithili ya vigae vya paa, hivyo kubadilisha mstari mmoja hulazimu kuandika upya na ya jirani. Siku utakapobadilisha diski iliyokufa, kujaza mpya kunaweza kuchukua siku kadhaa au kukwama njiani. Mwaka 2020 Western Digital ilikiri kwamba baadhi ya diski zake za Red, za terabaiti 2 hadi 6, zilikuwa za SMR, kwa hiyo usitosheke na jina lililo kwenye kasha, bali soma maelezo ya modeli yenyewe. Red Plus ya Western Digital na Seagate IronWolf ni za CMR, yaani mistari yake haipandani, nazo zimeundwa kufanya kazi usiku na mchana.

Nunua mbili, moja iwe kioo cha mwenziwe, yaani kila faili iandikwe kwenye zote mbili. Kompyuta ikionyesha 7.27 badala ya 8, hujapunjwa. Ni tofauti ya hesabu tu. Lakini faili ukiifuta, hufutika kote kuwili, kwa hiyo weka nakala ya tatu nje ya nyumba.

Kwa joto letu la Januari, kisanduku usikifungie kabatini, na kwa umeme huu unaokatika ovyo, ningenunua UPS, yaani betri ya akiba ya umeme, kabla ya kuongeza hata terabaiti moja.