Muulize Mjomba: Mzee wa dinosaria na filamu ya Gandhi

*Shikamoo mjomba. Mimi ni mwigizaji wa kikundi cha maigizo hapa Nkuhungu, Dodoma. Kila filamu napewa uhusika wa mlinzi au shamba boi, na mwongozaji wetu hataki kushauriwa. Nimechoka. Nataka niwaache kwenye mataa, nikope kwenye VICOBA ya mama, niongoze filamu yangu. Rafiki yangu anasema yule mzee wa ndevu nyeupe kwenye filamu ya dinosaria alikuwa mwigizaji, kisha akageuka mwongozaji, na ndiye aliyetengeneza filamu ya Gandhi. Ni kweli? Alivukaje?* (Msomaji, Nkuhungu)

Marahaba mpwa wangu. Ni yeye. Yule mwenye fimbo ya kaharabu anaitwa Richard Attenborough, mzaliwa wa Cambridge, Uingereza, mwaka 1923. Ila rafiki yako kakusomea kichwa cha habari tu.

Attenborough alianza mwaka 1942 kwenye filamu ya vita, akicheza baharia anayeingiwa na woga akakimbia zamu yake. Ikawa nongwa: miaka mingi wakawa wanampa uhusika wa waoga na vijana wahuni. Wewe unalia na ulinzi, mwenzio alilia na woga. Filamu ya kwanza kuiongoza ilitoka mwaka 1969, miaka 27 baadaye.

Na hakuruka moja kwa moja. Mwaka 1959 yeye na Bryan Forbes walianzisha kampuni ndogo ya kutayarisha filamu. Ile ya kwanza, ya mfanyakazi anayekataa kugoma, pesa haikutosha, wakakubaliana na wenzao wachukue kidogo na wangoje mgawo wa mapato. Hapo ndipo alipojifunza bajeti, kabla hajamwambia mtu yeyote asimame wapi mbele ya kamera.

Sasa sikiliza hii. Skripti ya hiyo filamu yake ya mwaka 1969 aliletewa na mwigizaji mwenzake, John Mills. Wenye pesa wakasema hawatoi kitu bila majina makubwa. Attenborough akamwendea Laurence Olivier, mfalme wa jukwaa la Uingereza enzi hizo, naye akakubali kwa malipo ya chini kabisa. Wengine wakafuata. Ungekuwa wewe, baada ya kuwaacha wenzako kwenye mataa, ungempigia nani?

Kuhusu Gandhi: mwaka 1962 Mhindi mmoja aliyekuwa akifanya kazi London, Motilal Kothari, alimpigia simu akimwomba aitengeneze. Ilitoka 1982. Miaka 20 ya kuzungusha bakuli! Na pesa yake mwenyewe ilitoka wapi? Mwaka 1952 yeye na mkewe, Sheila Sim, walikuwa waigizaji wa kwanza wa The Mousetrap, mchezo wa jukwaani ambao haukuisha hamu London kwa miongo, na walikubali mshahara upunguzwe wapewe hisa ya faida. Sehemu ya hisa aliiuza akafungua mgahawa ambao haukudumu (kumbe na huko watu hufungua mgahawa bila mahesabu). Iliyobaki aliiuza ili Gandhi isizame. Unaona, aliuza cha kwake. VICOBA ya mama iache.

Tukio la mazishi alilipiga Delhi tarehe 31 Januari 1981, watu takribani 300,000, wengi wao wa kujitolea. Kwenye filamu yenyewe utaliona kwa dakika mbili na kitu. Ilizoa Oscar 8. Na Ben Kingsley aliyecheza Gandhi, babu yake alikuwa mfanyabiashara wa viungo Zanzibar, kwa hiyo sisi tuna hisa yetu ndogo pale.

Kwa hiyo baki kwenye kikundi. Mwombe huyo mwongozaji mkaidi akuachie ratiba, chakula na nauli za bodaboda kwa filamu moja. Ujue upepo wa Dodoma saa nane mchana unavyokula sauti, na kibali cha Bodi ya Filamu kinaombwaje. Halafu tuandikie tena.

*Mjomba, huyu ni ndugu wa yule mzee anayesimulia filamu za wanyama?* (Kondoa)

Ndiyo, David ni mdogo wake. Na mwaka 1939 wazazi wao waliwachukua mabinti wawili wa Kiyahudi waliokimbia Ujerumani, wakawalea nyumbani kama watoto wao.

*Nasikia alitengeneza filamu ya Steve Biko. Mjomba unaionaje?* (Kongwa)

Cry Freedom, 1987. Ilipigwa Zimbabwe, maana Afrika Kusini ya makaburu isingewezekana. Denzel Washington ni Biko, mwanaharakati mweusi aliyepinga ubaguzi wa rangi, na nusu ya kwanza huwezi kunyanyuka kwenye kiti. Kisha Biko anafia mikononi mwa polisi, kama ilivyokuwa Septemba 1977, na filamu inamgeukia mwandishi mzungu, Donald Woods, na familia yake wakitoroka nchi. Hapo mimi hununa. Wengi walimlaumu Attenborough kwa hilo, na walikuwa na haki. Lakini ilipoanza kuonyeshwa Afrika Kusini mwaka 1988, polisi walizikamata nakala, kwa hiyo makaburu hawakuiona nyepesi.

Ninyi wa Kongwa mna jambo lenu. Wapigania uhuru wa ANC ya Afrika Kusini, FRELIMO ya Msumbiji na SWAPO ya Namibia walikuwa na kambi hapo kwenu tangu miaka ya 1960, na wapo wazee waliowauzia mahindi na kucheza nao mpira. Mwenye kamera aanze na hao, mwaka huu, na mzungu wa kutoroka asitafutwe.