MF DOOM na New York
Mnasema rapa MF DOOM alizaliwa New York na kufariki 31 Desemba 2020. La, New York si alikozaliwa. MF DOOM ni mzaliwa wa London, 1971, baba Mzimbabwe na mama wa Trinidad. Long Island, huko New York, alilelewa tu. Uraia wa Marekani hakuwa nao, ndiyo maana 2010, akitoka kwenye shoo za Ulaya, alizuiwa kurudi. Na hiyo 31 Desemba 2020 mnayobishania ni siku mkewe alipotangaza msiba. Alifariki 31 Oktoba. Nimeuza CD zake hapa Malindi mjini, wengi wakivutiwa na kile kinyago cha chuma alichovaa kuliko mistari, jamani. Ila alianza uso wazi, akiitwa Zev Love X kwenye kundi la rap la KMD, kabla nduguye Subroc hajauawa na gari 1993.