Je, Watu Wote Wanaoitwa Smith Ni Ukoo Mmoja?

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, katika kusoma kwangu nimefahamu kwamba jina Smith maana yake ni mhunzi na Johnson ni mwana wa John, lakini Dixon limenishinda. Naomba pia kujua iwapo akina Smith wote wametoka kwa babu mmoja, na kama wanaoandikwa Smyth ni ukoo mwingine.

JIBU: Ndugu msomaji, akina Smith hawakutoka kwa babu mmoja, na ukijua sababu yake utakuwa umeshika sehemu kubwa ya historia ya majina haya. Kabla ya mwaka 1066 Mwingereza wa kawaida alikuwa na jina moja tu, ambalo mara nyingi liliunganisha maneno mawili: katika Edward mna neno la utajiri na neno la mlinzi. Wanormani, watu kutoka kaskazini mwa Ufaransa, walipoiteka nchi mwaka huo, walikuja na akina William, Robert, Richard na Henry, na baada ya vizazi vichache majina mengi ya wenyeji yakaachwa. Edward lilinusurika kwa kuwa Mfalme Henry wa Tatu, aliyemtukuza mno mtakatifu mwenye jina hilo, alimpa mwanawe aliyezaliwa mwaka 1239.

Sasa kijiji kikiwa na akina William sita, karani wa kodi angewatofautishaje? Aliongeza maelezo: William mhunzi, William mwana wa Richard, William wa kilimani, William mfupi. Mwanzoni maelezo hayo yalimhusu mtu huyo peke yake na yakazikwa naye, kwa maana mtoto wa mhunzi akiwa mwokaji wa mikate aliitwa mwokaji. Kurithiwa kulianza baadaye, kwanza kwa wenye ardhi, kisha kwa watu wa kawaida, hata kufikia miaka ya 1400 Waingereza walio wengi walikuwa na jina la ukoo. Kwa kuwa karibu kila mahali palihitajika mtu wa kufua chuma, jina Smith lilizaliwa upya mara nyingi, katika familia zisizojuana kabisa.

Katika majina ya kazi, yanayonigusa zaidi ni Baxter na Webster. Kiishio «-ster» katika Kiingereza cha kale kilikuwa cha kike, hivyo Baxter alikuwa mwanamke mwokaji na Webster mwanamke mfumaji, ingawa baadaye wanaume nao waliitwa hivyo. Daftari nyingi za enzi hizo ziliwataja wanaume wakuu wa kaya na kuwaacha wake zao, lakini jasho la wanawake hao limebaki ndani ya majina ambayo watu wanayabeba hadi leo.

Tuje kwa Dixon. Watu wa zamani walipenda kufupisha jina, kisha kubadili sauti yake ya kwanza ili lilingane vina na lile la awali. Richard alifupishwa kuwa Rick, na kutoka Rick wakapatikana Dick na Hick. Mwana wa Dick akawa Dickson, ambalo ndilo Dixon, na kutoka Hick likapatikana Hicks. Robert naye alikuwa Rob, Hob na Dob, na ndiyo asili ya Robson, Hobson na Dobson. Hivyo Dixon na Richardson ni majina yenye asili moja, japo kwa kuyatazama tu mtu hawezi kudhani. Watu wa Wales, nchi jirani ya Uingereza, walifuata njia yao: neno «ap», lenye maana ya mwana wa, liligandana na jina la baba, na ndivyo ap Hywel alivyogeuka kuwa Powell, na ap Rhys kuwa Price.

Kuhusu Smyth, tofauti hiyo ya herufi peke yake haithibitishi kuwepo kwa ukoo mwingine. Thomas Cromwell, waziri wa Mfalme Henry wa Nane, aliamuru mwaka 1538 kila parokia iandike ubatizo, ndoa na maziko, lakini mwandishi aliandika alivyosikia, na mtu mmoja angeweza kuwa Smith katika ukurasa wa ndoa na Smyth katika ukurasa wa maziko. Shakespeare mwenyewe hakuliandika jina lake kwa namna moja katika sahihi zake zilizosalia. Kwa hiyo anayefuatilia babu yake katika vitabu hivyo hana budi kuyatafuta maandishi yote mawili.